Malcolm X alifika Dar es Salaam, mbona filamu haisemi?

Mara ya kwanza kuiona filamu ya Malcolm X, yule mpigania haki za Weusi wa Marekani, ilikuwa kwenye kanda mbili za video, sebuleni kwa mjomba, Tanga, umeme ukikatika katikati na sisi tukikaa gizani kuusubiri. Filamu yenyewe ina saa tatu na dakika 22, ndiyo maana haikuenea kwenye kanda moja. Mjomba hakuwa mtu wa sinema, lakini siku ile alikaa mwanzo mpaka mwisho, na kila baada ya muda alitukumbusha sisi wadogo: "Subirini, huyu bwana alikuja Dar. Alionana na Mwalimu." Tukasubiri. Malcolm akaenda Misri, akaenda Makka akahiji, akarudi New York, nyumba yake ikachomwa moto, akapigwa risasi jukwaani mkewe na watoto wake wakiwa ukumbini. Dar es Salaam haikutokea. Mjomba aliitoa kanda kwenye deki, akairudisha kwenye kasha lake bila kusema neno.

Kwa miaka mingi nilidhani mjomba alichanganya habari. Hakuchanganya. Oktoba 1964 Malcolm X alikuwa Dar es Salaam, akaonana na Mwalimu Nyerere, akakaa na Abdulrahman Babu, mwanamapinduzi wa Zanzibar, kisha akapanda ndege kwenda Nairobi. Huko, katika Hoteli ya New Stanley, alikutana bila kupanga na vijana wawili wa Kimarekani waliokuwa kwenye ziara yao wenyewe ya Afrika. Mmoja alikuwa Donald Harris. Wa pili alikuwa John Lewis, umri wake miaka 24, mwenyekiti wa SNCC, kamati ya wanafunzi iliyokuwa ikiwaandikisha Weusi kupiga kura katika majimbo ya kusini mwa Marekani. Walizungumza kwa kirefu. Lewis alikuja kueleza baadaye kwamba aliiona hofu kwa Malcolm, hofu ya mtu anayeamini kuna watu wanamwinda.

Miezi minne baadaye Malcolm alipigwa risasi. Wiki mbili kamili baada ya hapo, tarehe 7 Machi 1965, Lewis, akiandamana kudai haki ya kupiga kura, alivunjwa fuvu kwa rungu la askari kwenye daraja la Edmund Pettus, mjini Selma, Alabama. Kila mmoja ana filamu kubwa ambamo habari yake imo: Malcolm X ya mwaka 1992, iliyoongozwa na Spike Lee, na Selma ya mwaka 2014, kuhusu Martin Luther King na maandamano hayo, iliyoongozwa na Ava DuVernay. Ukiziangalia zote mbili, kwa mfuatano, hutajua kwamba watu hawa waliwahi kukaa pamoja Nairobi.

Ni rahisi kusema Wamarekani hawajali Afrika, tukafunga mjadala. Ila jibu hilo halinitoshi, kwa sababu Spike Lee na DuVernay ni watu wanaojali, tena sana. Nimekuja kuamini kwamba kinachoachwa nje ya filamu za namna hii hakiachwi kwa uzembe. Kuna nguvu zinazoisukuma kila filamu kuelekea upande fulani, na nguvu hizo zina majina ya kawaida kabisa: fedha, hakimiliki, mawakili, na macho ya yule anayedhaniwa kuwa ndiye atakayelipa kiingilio.

Tuanze na fedha, kwa kuwa filamu ya mjomba ilikaribia kufia hapo.

Haki ya kuigeuza habari ya Malcolm kuwa filamu ilinunuliwa mwaka 1967 na mtayarishaji Marvin Worth. Mwandishi James Baldwin aliandika muswada, ukabadilishwa na wengine, na mwishowe familia yake ikaomba jina lake liondolewe kwenye orodha ya waandishi. Robo karne ikapita. Filamu ilipokaribia kupigwa, mwongozaji aliyepangwa alikuwa Norman Jewison, mzungu kutoka Kanada mwenye rekodi nzuri, na Spike Lee akapinga hadharani kwamba maisha ya Malcolm yanahitaji mwongozaji Mweusi. Jewison akampisha. Hapo ndipo shida ilipoanza, maana bajeti aliyoitaka Lee, zaidi ya dola milioni 30, ilizidi kiasi ambacho kampuni ya Warner Bros. ilikuwa tayari kutoa. Gharama zikapita kikomo, kampuni ya dhamana, ile inayohakikisha filamu inamalizika ndani ya bajeti, ikashika hatamu za matumizi, kazi ya uhariri ikakwama.

Lee alifanya jambo ambalo kwetu lingeeleweka mara moja: alipitisha kadi ya mchango. Alitoa sehemu kubwa ya malipo yake mwenyewe, kisha akawapigia simu Weusi wenye uwezo. Michael Jordan, Magic Johnson, Oprah Winfrey, Janet Jackson, Prince, Tracy Chapman, Bill Cosby na wengine wakatoa. Haikuwa mkopo wala hisa, ilikuwa zawadi. Bila zawadi hizo studio ingepata filamu fupi iliyoitaka, na huenda Makka isingekuwemo. Makka hii si ya kuchora wala ya kujengewa studio: kikosi cha wapigapicha Waislamu kilipewa ruhusa ya kupiga picha ndani ya mji mtakatifu, jambo ambalo filamu ya kuigiza haikuwahi kuruhusiwa kabla ya hapo.

Sasa ukilijua hilo, swali la Dar es Salaam linabadilika sura. Kila nchi unayoiongeza kwenye filamu ni tiketi, ni hoteli, ni vibali, ni dakika. Lee alikuwa akigombania kila dakika na watu walioshika mkoba. Tena kitabu alichokifuata, tawasifu ambayo Malcolm aliisimulia kwa Alex Haley, kinawataja Nyerere, Kenyatta, Obote na viongozi wengine kwa orodha tu, kwa kupita. Safari ya Makka imepewa sura nzima yenye machozi na mabadiliko ya moyo. Mwandishi wa filamu anatafuta mabadiliko ya moyo. Mazungumzo na rais kuhusu namna ya kuipeleka Marekani mbele ya Umoja wa Mataifa hayamlizi mtazamaji.

Lakini yalikuwa ndiyo kazi yenyewe. Julai 1964 Malcolm alikuwa Cairo kwenye mkutano wa wakuu wa nchi za Umoja wa Nchi Huru za Afrika, akiwagawia waraka uliowaomba wasaidie kulifikisha suala la Weusi wa Marekani Umoja wa Mataifa kama suala la haki za binadamu. Hoja yake ilikuwa kwamba haki za kiraia ni jambo unalolilia kwa serikali yako, na ikikunyima, umekwisha. Haki za binadamu unaweza kuzidai mbele ya dunia nzima, na ndani ya dunia hiyo Waafrika walikuwa wameanza kuwa na kura. Dar es Salaam na Nairobi zilikuwa vituo vya kazi hiyo. Ukiziondoa, Malcolm anabaki mtu aliyegeuka moyo Makka kisha akafa, na fikra yake kubwa kuliko zote inapotea njiani.

Afrika haikukosekana kabisa kwa Lee. Filamu inamalizikia Soweto, darasani, wanafunzi wakisimama mmojammoja kusema "mimi ni Malcolm X", na mwalimu wao ni Nelson Mandela mwenyewe, aliyekuwa ametoka gerezani mwaka 1990. Mandela anayasoma maneno ya Malcolm mpaka yanapokaribia kuisha. Maneno ya mwisho, yale ya kudai haki kwa njia yoyote itakayobidi, hakukubali kuyatamka, maana wakati ule alikuwa kwenye mazungumzo na serikali ya makaburu na alijua yangetumiwa dhidi yake. Kwa hiyo picha inakatika, na anayeyamalizia ni Malcolm halisi, kwenye mkanda wa zamani. Nimeliangalia onyesho hilo mara nyingi. Ule mkato mdogo una siasa nyingi kuliko hotuba nyingi za filamu nzima.

Kwenye Selma kikwazo kilikuwa cha aina nyingine kabisa, na nadhani wengi walioiona hawakijui. Martin Luther King wa kwenye Selma hasemi maneno ya King.

Sikiliza vizuri hotuba ya mwisho, ile ya Montgomery. Tarehe 25 Machi 1965 King alisimama mbele ya watu kama 25,000 akauliza "hadi lini?" na kujijibu "si muda mrefu", akalirudia swali na jibu mpaka umati ukawa unamjibu. Kwenye filamu, David Oyelowo, anayemwigiza King, anauliza ni lini watakuwa huru, na jibu ni "karibuni, karibuni sana". Mahadhi ni yaleyale, pumzi ileile, maneno siyo. DuVernay aliyatunga upya mwenyewe. Aliuchukua muundo wa kila hotuba, akauliza King alikuwa anataka kusema nini, kisha akaandika njia nyingine ya kufikia palepale. Panapofanana kabisa ni mwishoni, kwenye beti za wimbo wa kale wa vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, kwa sababu wimbo ule hauna mwenyewe.

Sababu ni hakimiliki. Hotuba maarufu ya King ya Washington ilitolewa tarehe 28 Agosti 1963 mbele ya robo milioni ya watu na kurushwa na televisheni. Kampuni za santuri zikaanza kuiuza bila kumwuliza, King akaenda mahakamani na kuisajili mwaka huohuo. Hapo alikuwa na haki kabisa, watu walikuwa wanachuma kwa jasho lake. Alipouawa mwaka 1968, haki hizo zikaenda kwa warithi. Miaka ikapita, na kituo cha televisheni cha CBS kikatumia picha za hotuba hiyo ambazo kilizipiga chenyewe siku ile. Warithi wakashtaki. Mwaka 1999 mahakama ya rufaa mjini Atlanta ikasema kwamba kutoa hotuba hadharani, hata mbele ya umati mkubwa na kamera, si sawa na kuichapisha na kuiachia umma. Ni kama mwanamuziki kupiga wimbo jukwaani: waliousikia ni wengi, ila wimbo bado ni wake.

Halafu mwaka 2009 warithi wakaingia mkataba na kampuni ya DreamWorks ya Steven Spielberg kwa ajili ya filamu ya maisha ya King. Filamu hiyo haijaonekana. Lakini mkataba ulikuwepo, na DuVernay, mwanamke Mweusi mwenye bajeti ya dola milioni 20 hivi, hakuomba hata kutumia maneno yale kwa sababu alijua yameshafungiwa. Kwa hiyo filamu kubwa ya kwanza ya sinema kumweka King katikati ilitengenezwa bila sauti yake.

Siwezi kusema alishinda au alishindwa. Kuna sehemu alishinda kwelikweli. Kwa kuwa hakuweza kuegemea hotuba, ilimbidi aonyeshe kazi: watu jikoni wakibishana, ramani mezani, nani awe wa kwanza kwenye mstari, tutakwenda mji upi na kwa nini. Na kuna lile onyesho la ofisini, mwanzoni kabisa, ambalo ningetaka kila mwalimu wa uraia alionyeshe darasani. Annie Lee Cooper, anayeigizwa na Oprah Winfrey, amekuja kujiandikisha kupiga kura. Amejaza fomu vizuri. Karani anamwambia ataje utangulizi wa katiba, naye anaanza kuutaja kwa kichwa. Karani anamkatiza: majaji wa kaunti za Alabama ni wangapi? Anajibu, 67. Karani anatulia kidogo, kisha anamwambia awataje majina.

Halipigwi kofi, hakuna anayepaza sauti. Ni mhuri tu unaoshuka kwenye fomu. Katika kaunti ile Weusi wenye umri wa kupiga kura walikuwa kama 15,000, na walioandikishwa hawakufika 400. Ukishaliona onyesho hilo unaielewa takwimu, na unaelewa kwa nini watu walikubali kupigwa marungu kwa ajili ya karatasi.

Panapobishaniwa ni pale pa Rais Lyndon Johnson. Filamu inamwonyesha kama mtu wa kukokota miguu, na inaashiria kwamba ndiye aliyeliruhusu shirika la upelelezi la FBI kumpelekea Coretta King mkanda wa kumchafua mumewe. Wasaidizi wake wa zamani walikasirika. Ukweli wenyewe una pande mbili. Johnson alimwambia King mwishoni mwa 1964 kwamba muswada wa kura usubiri. Lakini kuna simu ya tarehe 15 Januari 1965, iliyorekodiwa, ambamo Johnson mwenyewe anamhimiza King atafute mahali ambapo Weusi wananyimwa kura kwa ukatili kuliko pote, apatangaze. Na mkanda ule FBI ilikuwa imeshautuma Novemba 1964. Idhini ya kumtegea King vinasa sauti kwenye simu ilitoka kwa Robert Kennedy mwaka 1963, kabla Johnson hajawa rais. Hapo filamu ilimwonea. Nasema hivyo nikiwa naipenda, kwa sababu hakuna haja ya kumwonea mtu ili kuonyesha kwamba sheria ya haki ya kupiga kura ya Agosti 1965 ilitoka barabarani kabla ya kutoka Ikulu.

Ila lazima tuelewe DuVernay alikuwa anajibu nini. Alikuwa anajibu miaka mingi ya filamu za ukombozi wa Weusi zilizopita machoni mwa mzungu.

Chukua Cry Freedom ya mwaka 1987, filamu ya Richard Attenborough kuhusu Steve Biko, mpigania ukombozi wa Afrika Kusini. Denzel Washington alimwigiza Biko kabla hajawa Malcolm, na aliigiza vizuri mno. Lakini Biko anafariki filamu ikiwa katikati. Baada ya hapo tunamfuata Donald Woods, mhariri wa gazeti na rafiki yake, akitoroka na familia yake kupitia Lesotho. Tunajua jina la mbwa wa Woods kuliko tunavyojua Biko aliandika nini juu ya kujitambua kwa Mtu Mweusi. Filamu ilijengwa juu ya vitabu vya Woods, na hilo ni jibu, lakini lipo na jibu lingine: walioitoa fedha waliamini mtazamaji wa London na Los Angeles anahitaji mtu wa kufanana naye ili aingie kwenye habari. Hata hivyo serikali ya makaburu iliiogopa. Ilipoanza kuonyeshwa Afrika Kusini mwaka 1988, ikiwa imepita kwa wakaguzi, polisi walizikamata nakala siku ileile ya kwanza. Filamu inaweza kuwa na kasoro kubwa na bado ikamtia dhalimu kiwewe.

Mississippi Burning ya 1988 sina hata hamu ya kuitetea. Vijana watatu, James Chaney, Andrew Goodman na Michael Schwerner, waliuawa Juni 1964 wakifanya kazi ya kuandikisha wapiga kura. Filamu imewageuza maofisa wa FBI kuwa mashujaa, na Weusi wa Mississippi kuwa watu wa kukaa kimya wakisubiri kuokolewa. Mwaka ule ule wa 1964 FBI hiyohiyo ilikuwa ikimwandama King mchana na usiku.

Kupita machoni mwa mtu mwingine si dhambi yenyewe. Judas and the Black Messiah ya mwaka 2021, ya Shaka King, inamtazama Fred Hampton, kiongozi wa Black Panther, chama cha kimapinduzi cha Weusi, jijini Chicago, kupitia William O'Neal, kijana Mweusi aliyepandikizwa na FBI kumchunguza. Hampton ameigizwa na Daniel Kaluuya, mzaliwa wa London ambaye wazazi wake ni Waganda, na akapata tuzo ya Oscar. Kinachonisumbua ni umri. Hampton aliuawa na polisi kitandani tarehe 4 Desemba 1969 akiwa na miaka 21. Kaluuya alikuwa amefika 30. Kwenye filamu unamwona mwanamume aliyekomaa akianguka. Kwenye maisha alikuwa kijana ambaye hapa kwetu angekuwa chuo mwaka wa pili, bado anaomba nauli nyumbani. Ukilisahau hilo umesahau nusu ya unyama wenyewe.

Na hapo Chicago ndipo kamera ilipofanya kazi ambayo filamu ya kuigiza haiwezi. Polisi walidai Panther walifyatua risasi nyingi sana. Gazeti moja likachapa picha za mlango wenye alama nyeusi, likisema hayo ndiyo matundu ya risasi zilizotokea ndani. Lakini polisi walikuwa wameondoka bila kuifunga nyumba. Watengenezaji filamu waliokuwa wakimfuatilia Hampton kwa ajili ya kazi nyingine waliingia na kamera mapema, wakapiga picha kuta, godoro na milango. Maelfu ya watu wa mtaani wakapanga foleni kupita chumba kwa chumba na kujionea. Yale matundu yalikuwa vichwa vya misumari. Uchunguzi ukaja kuonyesha risasi zaidi ya 90 zilitoka kwa polisi na moja tu kwa Panther. Picha zile zilitoka mwaka 1971 kama filamu ya makala, na mwaka 1982 serikali zililazimika kulipa dola milioni 1.85 kwa familia za waliouawa na walionusurika.

Mfano wa pili ni wa juzi. Watu watatu walitiwa hatiani mwaka 1966 kwa kumuua Malcolm. Mmoja alikiri na kusema wenzake wawili hawakuhusika. Hakuna aliyemsikiliza. Mwaka 2020 Netflix ilionyesha mfululizo wa makala uliorudia ushahidi kipande kwa kipande, ofisi ya mwendesha mashtaka wa Manhattan ikalifungua upya jalada, na Novemba 2021 mahakama ikawasafisha Muhammad Aziz na Khalil Islam. Aziz alikuwa na miaka 83. Islam alikuwa amefariki mwaka 2009, akiwa na jina la muuaji.

Upande wa mawakili umenigusa zaidi kwenye Lumumba, filamu ya mwaka 2000 kuhusu waziri mkuu wa kwanza wa Congo huru. Mwongozaji wake, Raoul Peck, ni Mhaiti aliyeishi utotoni Leopoldville, Kinshasa ya sasa, wazazi wake wakifanya kazi huko. Congo ilikuwa vitani, kwa hiyo Congo ya kwenye filamu ni Zimbabwe na Beira, Msumbiji. Inaanza na jambo ambalo watazamaji wengi walidhani limetiwa chumvi: Wabelgiji wawili porini usiku, wakiikata na kuiyeyusha miili ya Patrice Lumumba, Maurice Mpolo na Joseph Okito ili kisibaki kitu cha kuzikwa. Halikutiwa chumvi. Waliuawa Katanga, kwenye nchi ya Kiswahili, tarehe 17 Januari 1961, na ofisa mmoja wa polisi wa Kibelgiji alibaki na jino la Lumumba kwa miaka. Familia ilikabidhiwa jino hilo Juni 2022.

Kwenye filamu kuna kikao ambamo maofisa wa Ubelgiji na Marekani wanajadili hatima ya Lumumba, na mmoja wao anaitwa kwa jina, Frank Carlucci, aliyekuwa ofisa ubalozini wakati ule na baadaye waziri wa ulinzi wa Marekani. Carlucci alikana kuhusika, mawakili wakaingia, na filamu ilipoonyeshwa kwenye televisheni ya HBO sauti ya jina lake ikafutwa. Midomo inacheza, jina halisikiki. King alinyimwa maneno kwa hakimiliki. Kwenye Lumumba neno moja lilinyamazishwa kwa tishio la kesi.

Sisi wa huku tunapaswa kuudai mkono wetu kwenye habari hii, kwa sababu wao wenyewe waliutambua. Desemba 1963 Oginga Odinga alipotembelea Atlanta, vijana wa SNCC walikwenda kumsalimu hotelini, kisha wakaingia mgahawa wa jirani, wakanyimwa huduma kwa rangi yao, wakagoma kutoka, wakakamatwa. Wakatunga wimbo wenye jina lake na neno uhuru, wakawa wanauimba kwenye mikutano yao. Februari 1961, baada ya habari za kifo cha Lumumba kutangazwa, Wamarekani Weusi, akiwemo mwandishi Maya Angelou na mwimbaji Abbey Lincoln, waliingia ukumbi wa Baraza la Usalama jijini New York wakapaza sauti mpaka kikao kikavurugika. Filamu ya makala ya mwaka 2024, Soundtrack to a Coup d'Etat ya Mbelgiji Johan Grimonprez, imeirudisha siku hiyo mbele ya macho yetu, na muziki wa jazi ndani yake unakwenda sambamba na njama za Congo. Ni ndefu na inahitaji utulivu, lakini ndiyo filamu ya kwanza niliyoiona ambamo Harlem, mtaa wa Weusi wa New York, na Katanga zimo katika habari moja.

Na kuna Babu. Tarehe 13 Desemba 1964 Malcolm alimpandisha jukwaani Harlem, kwenye ukumbi wa Audubon, akamtambulisha kwa watu kama mwanamapinduzi kutoka Zanzibar na waziri wa Tanzania. Ni ukumbi uleule ambamo Malcolm aliuawa wiki kumi baadaye. Filamu ya Lee inautumia ukumbi huo kwa uchungu mkubwa, tunauona mlango, viti, jukwaa, lakini usiku wa Babu haumo.

Niliirudia Selma mwezi uliopita, nikasimamisha pale Malcolm anapotokea. Ni dakika chache tu. King yuko jela, Malcolm amekaa na Coretta, anamweleza kwamba hakuja kuiharibu kazi ya mumewe, na kwamba wazungu wakiiona njia mbadala pengine watakuwa tayari kumsikiliza King. Jambo hilo lilitokea kweli, tarehe 4 Februari 1965, na mjini Selma alihutubia kutoka kanisa la Brown Chapel. Filamu inamwingiza kama mtu aliyetokea kusikojulikana, na Coretta anamtazama kwa wasiwasi. Waliomleta Selma siku ile walikuwa SNCC, chama ambacho mwenyekiti wake alikaa naye New Stanley, Nairobi, mwezi Oktoba.